Ukoko wa Pimbi kwenye Jiwe la Nne

Paukwa!

Pakawa!

Mnaitika kama mnaumwa meno. Paukwa!

Pakawa!

Haya, hiyo nimeisikia. Hapo zamani za kale, katika nchi ya Mavumba, jua halikuwa na kazi. Lilikuwepo, lakini nyuma ya ukungu, limepauka, halimpashi mtu joto. Joto la nchi hiyo lilitoka ndani ya Mlima Fukuto, likashuka hadi bondeni kwa njia ya mawe matano.

Mawe yenyewe yalikuwa marefu kama minazi, yamesimama wima. Kutoka jiwe moja hadi jingine, kobe hutembea siku tatu. Nani aliyasimamisha? Hakuna ajuaye, na mimi msiniulize. Kila jiwe lilikuwa na mgongo na uso. Mgongo ulipokea joto kutoka jiwe la juu, uso ukalipeleka kwa jiwe la chini. Joto likipita, mawe huvuma: nguuu, nguuu. Wanyama wakisikia nguuu, wanajua mambo ni shwari.

Chini kabisa, kwenye jiwe la tano, aliishi Kobe, jina lake Bi Gamba. Mwaka huo alitaga mayai manane, akayafukia mchangani, chini ya jiwe. Ndio uzao wake wa kwanza, na umri ulikuwa umeshaenda. Kila asubuhi aliweka kidevu mchangani. Joto. Akashukuru, akaenda kula majani.

Asubuhi moja akaweka kidevu. Baridi. Akasikiliza jiwe. Kimya. Akaingiwa na hofu, maana mayai ya kobe wa Mavumba yakipoa siku chache tu, ndani hamna mtoto tena. Akayaongezea mchanga, akageuka, akaanza kupanda mlima. Tapu, tapu, tapu. Siku tatu hakula kitu cha maana.

Jiwe la nne lilikuwa mji wa Pimbi, wale wanyama wadogo wa majabalini. Bi Gamba akagusa mgongo wa jiwe. Ulikuwa wa moto, wa kuunguza. Akazunguka mbele. Uso wote mweupe, kutoka juu mpaka chini.

Sasa, Pimbi wana desturi yao. Wote, mkubwa kwa mdogo, hukojoa mahali pamoja, mwaka baada ya mwaka, na mkojo ukikauka huwa ukoko mweupe, mgumu. Msicheke, ndivyo walivyoumbwa. Zamani walikojoa kwenye majabali ya pembeni. Lakini mkuu wao, Mzee Kijino, aliuona uso wa jiwe ni laini, na unaonekana kutoka mbali. Akasema, "Ukoko wetu ukae hapa, kila apitaye ajue huu ni mji wa nani." Wakakojoa hapo miaka kumi. Ukoko ukanenepa, ukatambaa, na wiki hiyo ukaziba uso wote. Joto likaja, likakwama.

Bi Gamba akabisha hodi.

"Karibu, Bi Gamba, umetoka mbali," akasema Mzee Kijino. "Umeona jiwe letu lilivyotupenda mwaka huu? Halijawahi kuwa na joto namna hii."

"Nimeona, mzee. Joto hilo ni letu sisi wa chini. Limekwama kwenye ukoko wenu, na mayai yangu yanapoa. Nakuomba mkwangue."

Mzee Kijino akajikuna shavu. "Ukoko ule ni heshima ya ukoo. Haukwanguliwi hivihivi. Lazima tukae baraza."

"Mtakaa lini?"

"Kesho."

Kesho ikafika. Pimbi wakajianika kwenye majabali, wakala, wakasinzia. Bi Gamba akauliza. Mzee Kijino akasema, "Wazee hawajatimia. Kesho."

Kesho nyingine ikafika. "Kesho, Bi Gamba. Kobe mzima una haraka ya nini?" Pimbi wakacheka mpaka mbavu zikawauma.

Bi Gamba hakucheka. Akaenda mbele ya jiwe, akaegemeza gamba lake kwenye ukoko, akaanza kujisugua. Kwaru, kwaru, kwaru. Jiwe likamuunguza. Akaendelea.

"Unafanya nini hapo?" akauliza Mzee Kijino.

"Nakaa baraza," akajibu Bi Gamba. Kwaru, kwaru.

Mama Mapacha, pimbi mwenye watoto wawili wachanga, alikuwa akitazama. Jiwe lilikuwa limewaunguza watoto wake nyayo, sasa wanalala nyasini, na nyasini tai huwaona vizuri. Akashuka, akaanza kuukwangua ukoko kwa meno.

"Wewe nawe?" akafoka Mzee Kijino. "Unawatukana mababu."

"Mababu hawakukojoa hapa, mzee. Aliyeanza ni wewe."

Pimbi wengine wakatazamana. Mama mmoja akashuka. Akashuka wa pili. Kabla jioni haijaingia wameshuka wote, wanakwangua. Kwaru, kwaru, kwaru! Bamba kubwa la ukoko likabanduka, likaanguka chini, puu. Jiwe likavuma: nguuu. Na kule mbali bondeni, jiwe la tano likaitika: nguuu.

Bi Gamba hakungoja chakula. Tapu, tapu, siku tatu, gamba limechubuka upande mmoja. Akaweka kidevu mchangani. Joto. Akakaa hapo hapo, akangoja.

Siku zilipotimia, mayai matatu yakapasuka. Watoto watatu wakatoka, vichwa vimejaa mchanga. Matano hayakupasuka. Akangoja tena wiki nzima. Hayakupasuka.

Ndipo Mzee Kijino akaja na watu wake kumpongeza. "Hongera, Bi Gamba. Unaona? Tumekusaidia, na yote yamekwisha salama."

Bi Gamba akayafukua yale matano, akayapanga mbele yake.

"Haya ni ya zile kesho zako, mzee."

Mzee Kijino akayatazama. Akapiga magoti, akayafukia mwenyewe, moja moja, kwa mikono yake, kisha akaenda zake bila kuaga.

Funzo ni hili, wakubwa kwa wadogo: kilichokufikia kikiwa njiani kwenda kwa jirani, kiache kipite. Na jirani akikuambia anaumia, inuka siku hiyohiyo.

Hadithi yangu imeishia hapo, mchangani kwa Bi Gamba. Mimi nimeitua, anayeitaka aibebe.