Siwema na Miboga Iliyozirai

Zamani hizo za kale, wanangu, wanyama walipokuwa na nyumba, na majirani, na maneno ya majirani, aliishi Digidigi mmoja jina lake Siwema. Mjane mdogo, miguu kama vijiti vya mshikaki. Lakini mdomo! Mdomo alikuwa nao.

Nyuma ya nyumba yake palikuwa na bustani ya maboga. Mwaka huo jua liliwaka si mchezo, kisima kikabaki tope. Kila alfajiri Siwema aliteka maji kata kwa kata, akayamwaga shinani, si juu ya majani, kisha akafunika udongo kwa nyasi kavu. Miboga ikakubali. Maua ya manjano yakafumka bustani nzima, hata nyuki wakakosa pa kuanzia.

Watoto wake wawili walikuwa wakiyasubiri maboga hayo. Yangekufa, wangelala njaa kiangazi chote.

Basi siku moja, saa saba mchana, akasikia pu! pu! pu! Ardhi inatetemeka, sufuria zinacheza jikoni. Ni Tembo na rafiki yake Nyati.

"Hodi hapa!" Tembo alinguruma, na mguu mmoja umeshaingia bustanini.

"Karibu, Bwana mkubwa. Ila mguu huo, tafadhali."

Tembo akaitazama miboga. Majani yote yalikuwa yamelegea, yananing'inia kama nguo mbichi kwenye kamba.

"Lo! Pole sana, bibi. Bustani imekufa hii. Bora niile mimi kabla haijakauka. Si unaona, Nyati?"

"Imekufa fofofo," Nyati akasema.

Moyo ulimlipuka Siwema, pa! Lakini yeye alikuwa mkulima. Alijua kwamba jua likiwa kali, majani ya miboga hulegea hata kama mizizi imeshiba maji, na jua likipungua huinuka yenyewe. Tembo angejuaje? Kazi yake kula tu, hajawahi kupanda hata kitunguu.

Siwema akacheka, akakaza sauti.

"Imekufa wapi? Imezirai tu kwa kukuona wewe. Nikiiambia iinuke, itainuka."

"We! Majani yakusikilize wewe?"

"Leo hii hii, kabla jua halijatua."

"Na yasipoinuka?"

"Ule yote, maua na mizizi, nami nihame na wanangu. Lakini yakiinuka, utanimwagilia bustani hii kwa mkonga wako kila alfajiri mpaka nivune. Na maji ukayatoe mtoni."

Tembo akacheka mpaka masikio yakapiga makofi. "Nimekubali! Nyati, wewe ndiye shahidi. Haya, yaambie!"

"Taratibu, Bwana mkubwa. Aliyezirai haamshwi kwa kelele. Wewe simama pale, upande wa jua. Hapo hapo! Nyati, sogea ubavuni kwake. Sasa pepea masikio, polepole. Atakayebanduka, kashindwa."

Mnaona ujanja huo, wanangu? Majitu mawili yakasimama juani, na kivuli chao kikaanza kutambaa juu ya miboga. Siwema akazunguka akinong'ona, "Inukeni, wanangu, inukeni," kisha akakaa akachuma maua ya kiume, yale yasiyozaa, ya kupika jioni. Aliogopa sana, ila hakutaka waone.

Saa tisa, majani bado yamelala.

"Mgongo unaniungua," Nyati akalalamika.

"Vumilia! Leo tunakula hapa," Tembo akasema, huku anapepea, fwap, fwap.

Saa kumi ilipokaribia, Nyati akatoa macho. "Ebo! Jani lile limejisogeza!"

"Upepo huo."

"Upepo gani? Tazama na lile!"

Moja likainuka, likafuata la pili, mara kumi, mara bustani yote imesimama wima, kijani kitupu. Tembo akaacha kupepea. Siwema alitaka kurukaruka kwa furaha, akajizuia.

"Alfajiri basi, Bwana mkubwa," akasema. "Usichelewe."

Alfajiri Tembo huyoo, kutoka mtoni, mkonga umejaa. Shwaaa!

"Shinani, Bwana mkubwa! Shinani! Ukiyalowesha maua nyuki hawaji!"

Siku ya nne Tembo akapita mchana, na Nyati yuko naye. Akaona miboga imelegea tena. Akashtuka: alfajiri ameimwagilia mwenyewe! Wakajibanza nyuma ya kichuguu, wakavizia. Siwema alikuwa ndani anakoroma. Hakuna aliyesema kitu, hakuna aliyenong'ona, na jioni majani yakainuka kama kawaida.

"Kumbe yanainuka yenyewe!" Tembo akapiga kelele. "Siwema! Toka nje! Umenilaghai!"

Siwema akatoka akipikicha macho. "Nilisema nitayaambia, nikayaambia. Nilisema yatainuka, yakainuka. Sasa kilio cha nini?"

"Ulisema yamezirai kwa kuniona mimi!"

"Hapo nilikusifu tu. Hukufurahi?"

Nyati akaangua kicheko, akashika mbavu. "Na kivuli chetu ndicho kilichoyapoza, ndugu yangu! Tumemsaidia kutushinda! Mgongo wangu umebabuka, lakini mimi ni shahidi. Mlikubaliana, nilisikia. Alfajiri, mtoni!"

Tembo akaguna, akapiga mguu chini, pu! Asubuhi akaja na maji. Akaja na kesho yake, na mtondo, mpaka maboga yakawa makubwa kuliko watoto wa Siwema, nao wakala wakashiba kiangazi chote.

Nimemaliza, na funzo lake ni hili, wanangu: mwenye nguvu asiyejua kazi hamwezi mdogo anayeijua.