Supu Nyeupe ya Fundi Rangi

Fundi rangi mmoja alikuwa na mikono iliyosifiwa mtaa mzima. Ukuta ukitoa doa, alilifunika. Doa likirudi, alilifunika tena, hadi ukuta wenyewe ukasalimu amri. Sifa hizo alizila asubuhi na jioni, na zikamnenepesha kichwa. Kuomba msaada, kwake, kulikuwa sawa na kuvuliwa nguo hadharani. Hata akipotea njia, aliona heri azunguke mji mzima kuliko kumwuliza mpita njia. Msimdhanie vibaya, lakini. Alikuwa mcheshi, mchapakazi, na alimpenda mkewe kama mboni ya jicho lake. Tatizo lake lilikuwa shingo tu. Shingo ile haikuumbwa kuinama.

Mkewe alikuwa mshonaji nguo, na majirani walimpa jina la Chiriku, kwa kuwa aliweza kuzungumza kutwa nzima huku ameshika pini kwa meno. Mwezi huo Chiriku alipasuliwa koo. Uvimbe ulitolewa salama, akaruhusiwa kurudi nyumbani, na nyumba ikapoa kama jiko la jana. Alinong'ona kwa taabu, tena maneno machache. Lililomtisha zaidi mumewe ni kwamba hakula. Uji ulimkwaruza, chai ilimchoma, maziwa yalimkinaisha. Kila siku mabega yake yalizidi kuchongoka chini ya shuka.

Siku ya Ijumaa walirudi hospitali, na daktari akamvuta fundi kando.

"Kidonda kinapona vizuri," alisema. "Ila mgonjwa anakwisha. Mleteni Jumatatu. Kama atakuwa bado hajaanza kula, itabidi nimrudishe wodini tumlishe kwa mpira wa puani."

Fundi aliitikia kwa kichwa. Usingizi wa kwanza wa mkewe nyumbani, baada ya siku nyingi za wodini, alikuwa ameulinda kama mtu anayelinda mshumaa usizimwe na upepo. Sasa wamrudishe tena kule?

Jioni aliketi kitandani, akamshika mkono.

"Mke wangu, niambie unachotamani. Chochote. Hata ukitaka nyota nitaegemeza ngazi."

Chiriku alitabasamu kidogo. "Supu ya shamari," alinong'ona. "Ile ya mama. Nyeupe. Laini."

Shamari fundi aliijua kwa kuiona sokoni: mboga yenye kichwa cheupe, maganda yake yakikumbatiana kama ya kitunguu, majani yake membamba kama unyoya, na harufu yake tamu ikipanda moja kwa moja puani. Mboga haikuwa tatizo. Tatizo lilikuwa lile neno la pili: ya mama.

Mama mkwe wake alikaa ghorofa ya chini katika jengo hilohilo, lakini ilikuwa miezi mitatu sasa hawajapeana hata salamu. Chanzo ni jiko. Bibi yule alimwomba mkwewe ampakie jikoni rangi ya njano, ile ya kiini cha yai. Fundi akaamua kwamba njano haifai, akapaka kijani hafifu, kwa hoja kwamba mteja hajui anachotaka mpaka aonyeshwe. Mama mkwe alipolalamika, fundi akamjibu mbele ya majirani: "Mama, wewe shughulika na masufuria, rangi niachie mwenye kazi yake." Ulimi hauna mfupa. Bibi naye hakukosa la kusema. "Vema, baba. Kaa na rangi zako, na jikoni kwangu usikanyage tena." Tangu hapo, alipokuja kumwangalia binti yake alikuja fundi akiwa kazini, na majuzi aliteleza bafuni akavunjika kifundo cha mkono, ukafungwa plasta, kwa hiyo hata kupika alikuwa hapiki.

"Kamwulize mama," Chiriku alinong'ona.

"Ya nini kumsumbua na mkono wake ule?" fundi alisema, akikwepa macho yake. "Supu ni maji na mboga. Nitaipika mwenyewe."

Jumamosi alirudi kutoka sokoni na vichwa vitatu vya shamari, ndimu, na kopo la malai ya maziwa. Akafunga aproni ya mkewe, akaanza kukatakata. Mara akaona jambo lililomkera hadi mfupani: vile vipande vyeupe, vikikaa kidogo, vilianza kubadilika rangi kingoni. Doa! Fundi gani angevumilia? Mke wake alisema nyeupe, basi itakuwa nyeupe. Alikumbuka kwamba ndimu huzuia matunda yasiwe meusi, akakamua ndimu moja. Weupe ukarudi. Kwa usalama zaidi akakamua ya pili, kama mtu anayeongeza mkono wa pili wa rangi. Kisha akatia maji, akawasha moto mkali, na sufuria ilipokuwa ikitokota kama inayogombana na mfuniko, akamimina malai yote kwa mpigo mmoja.

Hapo ndipo sufuria ilipomwaibisha. Malai iligusana na ile ndimu katika moto ule, ikakatika papo hapo. Juu yakaelea mabonge, chini yakabaki maji ya kijivu. Fundi alisimama akiduwaa, mwiko mkononi. Kisha akafanya kile alichokuwa akifanya siku zote kwa rangi iliyogandamana: akaichuja kwa kitambaa, akaikoroga kwa nguvu, akaiongezea maji, akachuja tena. Mwishowe ilikuwa nyeupe, hilo hakuna wa kumnyima. Ungeweza kuipaka ukutani.

Akampelekea mkewe bakuli. Chiriku aliinuka, akachota kijiko kimoja, akakipeleka kinywani. Uchachu ule ulipogusa kidonda, alifumba macho ghafla na machozi yakamtiririka. Hakutema. Alimeza, akamshika mumewe shavu kwa kiganja, akajaribu kuinua kijiko cha pili ili asimvunje moyo.

Fundi alimpokonya kijiko kwa upole. Afadhali mkewe angempiga kofi. Lile pendo la mkewe, la kutaka kumeza ndimu juu ya kidonda kwa ajili ya heshima yake yeye, lilimchoma kuliko tusi lolote alilowahi kutukanwa. Alitoka na bakuli, akamwaga supu, akasimama mbele ya sinki akajisemea, "Mpumbavu wewe. Mwenzio anakufa njaa, na chini ya miguu yako yupo anayeijua dawa."

Akapiga moyo konde, akashuka ngazi. Kila ngazi ilikuwa na hoja yake ya kumrudisha juu: atanicheka, atanifungia mlango, majirani watasikia. Alipofika mlangoni hakujipa nafasi ya kufikiri. Alibisha.

Mama mkwe alifungua, mkono wa plasta ukining'inia shingoni kwa kitambaa. Alimtazama kutoka viatuni hadi kichwani, akasita kwenye aproni yenye maua.

"Umekuja kupaka dari?"

"Hapana, mama. Shikamoo."

"Marahaba. Nakusikiliza."

"Mama, nimeshindwa. Mwanao anataka supu yako ya shamari. Nimejaribu kuipika, nikamlisha ndimu juu ya kidonda. Asipokula hadi Jumatatu wanamrudisha wodini." Akainamisha shingo. "Nilikukosea kuhusu jiko lako, tena mbele ya watu. Nisamehe. Na unifundishe."

Hasira ambayo bibi alikuwa ameitunza miezi mitatu ilimpanda hadi kooni, ikakutana huko na uchungu wa mzazi, na uchungu ukashinda.

"Neno hilo nimelingoja sana," alisema hatimaye. "Nilidhani siku likija nitalifurahia. Kumbe mwanangu akiwa na njaa hakuna kinachoninogea. Haya, ingia, baba. Wodini kwenyewe sikujua. Kwa nini hukuniambia mapema?"

"Shingo, mama."

"Najua. Na mimi yangu si laini sana."

Jikoni kulikuwa na kigoda kifupi tu cha kukalia. Fundi aliketi, magoti yakamfika karibu na masikio, na mama mkwe akasimama juu yake kama msimamizi wa ujenzi. Fundi alikuwa amepanda mara moja kuleta shamari mbili zilizobaki. Bibi alimwamuru akate mashina ya juu, avue ganda la nje lenye nyuzi, apasue kichwa katikati na kung'oa kiini kigumu.

"Hicho uliking'oa asubuhi?"

"Sikujua kama kipo."

"Ungempikia mwanangu kamba. Kata vyembamba. Vyembamba zaidi. Wewe si ndiye unayejisifu una mkono mwepesi?"

Siagi iliyeyushwa, vitunguu vikaingia, shamari ikafuata, sufuria ikafunikwa, na moto ukapunguzwa hadi ukabaki kama unaosinzia. Fundi akafunua kuchungulia. Baada ya punde akafunua tena.

"Mkono wa kwanza wa rangi ukiwa haujakauka, wewe huugusagusa?" bibi aliuliza.

"Hapana, mama."

"Basi acha mfuniko. Hatukaangi hapa. Tunataka zitoke jasho zenyewe, zilegee, zitoe utamu. Ukizikimbiza zinaungua, na ukizitia ndimu zinachacha. Zikibadilika rangi kidogo kingoni, ziache. Nani hazeeki?"

Walisubiri. Harufu tamu ikaanza kupenya pembeni mwa mfuniko, na mambo waliyonyimana miezi mitatu yakaanza kutoka moja moja: plasta ilivyokuwa ikiwasha, cherehani ya Chiriku iliyofunikwa kitambaa, woga ambao kila mmoja aliuficha kivyake. Bibi alikiri kwamba kila mchana aliposhuka kutoka kwa binti yake alijifungia akalia. Fundi alikiri kwamba yeye hulia kazini, juu ya ngazi, mahali ambapo hakuna anayetazama. Kisha wakatia kiazi kimoja cha kuipa supu uzito, na mchuzi mwepesi wa mifupa ya kuku, wakaacha vichemke taratibu hadi kila kipande kikapondeka kwa mgongo wa kijiko. Fundi akasaga, akachuja, akachuja tena mpaka chujio halikubakiza kitu.

"Sasa malai," alisema, akinyoosha mkono kwenye bakuli la bibi.

"Taratibu. Ipua kwanza. Chota upawa mmoja wa supu, uitie kwenye malai, ukoroge. Malai haitupwi kwenye moto, inazoeshwa joto kwanza. Haya, sasa irudishe yote humo."

Fundi alikoroga na kutazama. Supu ilikuwa laini kama hariri, lakini haikuwa nyeupe pe. Ilikuwa na ukijani wa mbali. Mkono ulimwasha.

"Mama, rangi yake…"

"Naiona." Bibi alitazama sufuria, akautazama ukuta, kisha akamtazama mkwewe. "Kwenye bakuli siikatai. Ni ukutani ndiko nisikoitaka."

Fundi aliangua kicheko hadi akashika meza, na bibi naye akacheka, akishikilia plasta yake isitikisike.

Walipanda pamoja, fundi akibeba bakuli kwa mikono miwili. Chiriku alipowaona wameingia mlango mmoja, alijiinua bila kusaidiwa. Alichota kijiko cha kwanza, akafumba macho. Mumewe na mama yake walisimama miguuni pa kitanda. Koo lilipanda, likashuka. Kijiko cha pili kikaenda. Cha tatu kikaenda upesi zaidi. Kisha wakasikia sauti ambayo nyumba hiyo ilikuwa imeisahau, sauti ya kijiko kikikwangua bakuli tupu.

Fundi hakujificha safari hii. Alilia palepale, mbele ya mama mkwe wake, na wala hakuona aibu.

"Nani amepika?" Chiriku alinong'ona.

"Mumeo," mama yake akajibu. "Mimi nimechangia mdomo tu."

"Jikoni kwako? Umemruhusu?"

"Aliomba."

Chiriku alimgeukia mumewe, akamkazia macho kana kwamba ameletewa mwanamume mwingine. "Wewe? Uliomba?"

"Niliomba, mke wangu. Na nikakalishwa kwenye kigoda."

Chiriku alicheka, mkono kooni, machozi yakimlenga, kisha akanyoosha bakuli aongezewe. Jumapili alikula mara tatu. Jumatatu daktari alimpima, akapitisha macho kwenye mizani, akawaambia warudi nyumbani, mpira hauhitajiki. Fundi rangi alimshika mkewe mkono wakatoka nje kwenye jua, naye moyoni alijua ni kipi kilichomwokolea mwenzake, wala hakikuwa ustadi wa mikono yake. Ama kweli, mtaka cha mvunguni sharti ainame.