Mjusi wa Mkadi na Rangi ya Mize

Zama za mababu wa mababu zetu, yule mjusi mdogo wa kijani mnayemwona kwenye mikadi, ile miti ya pwani yenye majani marefu ya miiba, hakuwa na rangi ile. Alikuwa wa kijivu kama majivu ya jiko lililolala, akitoka usiku tu na jamaa zake kutafuta wadudu kwenye makuti. Hakuna aliyemtofautisha na wenzake. Mjusi ni mjusi, watu walisema, na wakimwona humpiga fagio.

Ukaja mwaka ambao masika hayakunyesha. Vuli nayo ikapita kavu. Visima vya kijiji vikageuka chumvi, na watoto wakaanza kulegea. Watu walipokosa wa kumlaumu wakamlaumu mjusi: ndiye mwenye kisirani, ndiye aliyeifukuza mvua. Wakawa wanawasha mienge usiku na kumsaka mapaani, na mchana hawamwachi.

Kijijini hapo aliishi Mize, fundi wa kusuka mikeka. Mumewe alikuwa safarini, naye alibaki na mwanawe Faki, ambaye hajaanza kutembea, pamoja na mama mkwe wake, Bi Chumu. Katika msako ule hakuna aliyemshinda Bi Chumu kwa bidii.

Asubuhi moja Mize alikuwa uani na chungu cha rangi ya kijani, aliyoichemsha kwa maji ya chumvi yasiyonyweka. Rangi ilikuwa imekwisha kupoa. Mara kitu kikaanguka kutoka paani, chubwi! Akatia mkono, akatoa mjusi mdogo, moyo wake ukidunda mbavuni. Alijua la kufanya. Alifunzwa tangu utoto. Lakini usiku kucha alikuwa amelala na Faki kifuani, moyo wa mtoto ukidunda vivyo hivyo, na mkono ukawa mzito. Akamweka juu ya ukindu mbichi, majani ya kijani ya kusukia mikeka.

Bi Chumu akaingia na fagio, anahema.

"Mize, mwanangu, mjusi hakupita hapa?"

"Tazama mwenyewe, mama."

Bi Chumu akatazama. Kijani juu ya kijani, hakuona kitu. Akaketi chini akalia.

"Simlilii mjusi," akasema. "Namlilia Faki anayelegea kwa kiu."

Mize akamwona mjusi akishuka kwenye ukindu, akatoka uani, akaenda zake juani mpaka kwenye mikadi nyuma ya nyumba. Akamfuata. Mjusi akapanda mkadi mmoja, akajipenyeza pale jani linaposhikana na shina, akainamisha kichwa, akawa analamba. Mize akaingiza kidole. Miiba ya jani ikamchana, lakini kidole kilitoka kimelowa. Akakilamba. Yalikuwa maji ya umande, baridi, hayana chumvi.

Akakimbia kumchukua Faki. Akamdondoshea tone kwa tone, mpaka mtoto akaanza kunyonya kidole chenyewe kwa nguvu. Hapo ndipo alipomwita mama mkwe wake.

"Nani kakuonyesha?" Bi Chumu aliuliza.

Mize aliogopa. Angeweza kusema ni Mungu, na asingekuwa amedanganya. Lakini alinyoosha mkono kuelekea kwenye jani.

Bi Chumu alimtazama mjusi kwa muda mrefu. "Huyu sijapata kumwona."

"Umemwona, mama. Hujapata kumtazama."

Bi Chumu alimpokea Faki, akamwambia Mize akawaite majirani waje na vikombe.

Kijiji kiliishi kwa maji ya mikadi mpaka Mungu alipojaalia mvua. Na tangu siku hiyo rangi ya Mize haikumtoka mjusi yule, wala usiku hakuurudia, kwa kuihofia mienge. Hutembea juani, kwenye majani yanayofanana naye. Nao wanawake waendao kuchuma maua ya mkadi hawaingizi mkono kwa pupa. Hulitikisa jani kidogo kwanza, wakasema, "Hodi, mwenyeji," wakangoja apite.